Mtaalamu wa Nyoka na Usalama wa Watu: Urithi wa James Ashe wa Watamu

Katika vijiji vingi vya Afrika Mashariki nyoka anayeonekana karibu na nyumba huuawa kabla mtu yeyote hajauliza ni nyoka wa aina gani, na mtu anayeumwa na nyoka mara nyingi hufikishwa hospitalini akiwa amechelewa, baada ya saa nyingi kupita mikononi mwa watu wasiojua ni sumu gani iliyomwingia mwilini. Mambo haya mawili huchukuliwa kuwa matatizo tofauti, moja likiachiwa wahifadhi wa wanyamapori na jingine likiachiwa madaktari, ilhali mzizi wake ni mmoja, nao ni uhaba wa maarifa kuhusu nyoka. Mwanabiolojia wa wanyamapori anayejishughulisha na uhifadhi wa nyoka na elimu kwa umma huushughulikia mzizi huo, na kwa sababu hiyo kazi yake huwakinga nyoka na binadamu kwa pamoja.

Taaluma ya mtu huyo huitwa herpetolojia, yaani tawi la biolojia linalochunguza reptilia, kama vile nyoka, mijusi, kobe na mamba, pamoja na amfibia, kama vile vyura. Katika Afrika Mashariki taaluma hii ina historia ya zaidi ya miaka mia moja, na mmoja wa watu waliouonyesha umma manufaa yake ni marehemu James Ashe, ambaye pamoja na mkewe Sanda alianzisha kituo cha nyoka cha Bio-Ken mjini Watamu, katika pwani ya Kenya, mwaka 1980. Ashe alifariki dunia mwaka 2004, lakini kituo alichokiacha, nyoka aliyepewa jina lake na utaratibu wa kazi alioujenga vinatosha kueleza mtaalamu wa nyoka hufanya nini hasa, na kwa nini jamii inamhitaji.

Kutoka kukusanya hadi kuelimisha

Kizazi cha kwanza cha wataalamu wa nyoka katika eneo hili kilikuwa cha wakusanyaji. Arthur Loveridge, Mwingereza aliyefika Nairobi mwaka 1914 kufanya kazi katika makumbusho, alitumia sehemu kubwa ya maisha yake kukusanya na kueleza kisayansi reptilia wa Afrika Mashariki, na baadaye aliiendeleza kazi hiyo katika makumbusho ya Chuo Kikuu cha Harvard nchini Marekani. Baada yake alikuja Constantine Ionides, aliyeishi kati ya mwaka 1901 na 1968, ambaye aliajiriwa katika idara ya wanyamapori ya Tanganyika mwaka 1933, na alipostaafu alijikita katika ukamataji wa nyoka huko kusini, hususan Newala, hata akajulikana kwa jina la Bwana Nyoka. Wanakijiji walimpelekea habari kila walipomwona nyoka, naye aliwapa zawadi kwa habari hizo, akaenda kumkamata nyoka akiwa hai, kisha akampeleka kwenye makumbusho na bustani za wanyama za nchi mbalimbali.

Kazi ya watu hao ndiyo iliyotoa orodha za kwanza za kuaminika za nyoka wa eneo hili, na bila orodha hizo hakuna uhifadhi unaoweza kupangwa, kwa kuwa mnyama asiyejulikana hawezi kulindwa. Hata hivyo, maarifa hayo mengi yalihifadhiwa katika makumbusho na majarida ya ng'ambo, na mkulima wa Newala au mvuvi wa Kilifi hakupata njia ya kuyafikia. Hatua iliyofuata ilikuwa kuyarejesha kwa wananchi wanaoishi na nyoka kila siku. Bustani ya Nyoka ya Nairobi, iliyofunguliwa mwaka 1961 kando ya Makumbusho ya Taifa, ilikuwa sehemu ya hatua hiyo, kwa maana iliwawezesha wakazi wa mjini na wanafunzi kumtazama nyoka aliye hai bila hatari. Ashe alifanya kazi katika bustani hiyo kabla ya kuhamia pwani, na huko ndiko alikopata uzoefu wa kuunganisha utafiti na mafunzo kwa umma.

Jina la nyoka na uzito wake

Kazi ya msingi ya mtaalamu wa nyoka ni kutambua spishi. Spishi ni kundi la viumbe wanaofanana kwa asili na wanaoweza kuzaliana wao kwa wao, na kila moja hupewa jina la kisayansi lenye sehemu mbili, linalotumiwa na wataalamu wa nchi zote. Duniani kuna karibu spishi 4,000 za nyoka, na kati ya hizo takriban 600 zina sumu. Afrika Mashariki pekee ina spishi zaidi ya 200, na nyingi miongoni mwake haziwezi kumdhuru binadamu. Utambuzi huu si jambo rahisi, maana nyoka wa spishi moja anaweza kuwa na rangi mbalimbali kulingana na umri au mahali anapoishi, na nyoka wa spishi mbili tofauti wanaweza kufanana kiasi cha kumchanganya hata mtu mzoefu.

Ashe aliacha alama mbili kubwa katika eneo hili la taaluma. Mwaka 1968 alichapisha maelezo ya kisayansi ya nyoka mdogo wa mitini kutoka misitu iliyo karibu na Mlima Kenya, ambaye alikuwa hajawahi kuandikwa na mwanasayansi yeyote, akampa jina la Atheris desaixi. Alama ya pili ilichukua miaka mingi zaidi. Tangu miaka ya 1960 Ashe alikuwa akishikilia kwamba swila wakubwa wa rangi ya kahawia wanaopatikana pwani na katika maeneo makavu ya Kenya, ambao vitabu vya wakati huo viliwahesabu pamoja na swila wenye shingo nyeusi, walikuwa spishi inayojitegemea. Swila ni nyoka wa jamii ya fira wenye uwezo wa kurusha sumu kwa mbali. Ushahidi wa kutosha ulipatikana wakati uchunguzi wa vinasaba, yaani chembe za urithi zinazobeba sifa za kiumbe, ulipoanza kutumika, na mwaka 2007 wanasayansi Wolfgang Wüster na Donald Broadley walitangaza rasmi spishi mpya na kuiita Naja ashei kwa heshima ya Ashe, miaka mitatu baada ya kifo chake.

Nyoka huyo ndiye mkubwa kuliko swila wote wanaorusha sumu duniani, kwani anaweza kufikia urefu wa karibu meta 2.7, na mmoja wao aliyekamuliwa Watamu mwaka 2004 alitoa mililita 6.2 za sumu kwa mara moja, kiasi ambacho ni kikubwa mno kwa nyoka yeyote. Chonge zake, yaani meno marefu ya mbele yanayopitisha sumu, zina tundu linaloelekea mbele badala ya chini, na misuli inapoibana tezi ya sumu kichwani, matone huruka kuelekea usoni mwa anayemtishia. Mbali na wanyama wengine, nyoka huyu hula nyoka wenzake, wakiwamo vifutu, kwa hiyo anayemuua huondoa kiumbe kinachopunguza nyoka wengine wa hatari katika mazingira yaleyale.

Jina la spishi lina maana kubwa kwa mgonjwa, kwa sababu sumu za nyoka hutofautiana na kila aina hudhuru mwili kwa njia yake. Sumu ya koboko, nyoka mwembamba, mrefu na mwenye kasi, hushambulia mfumo wa neva, ikamfanya mgonjwa alegee kope, ashindwe kumeza na hatimaye ashindwe kupumua. Sumu ya kifutu, ambaye sehemu nyingine za pwani huitwa moma au bafe, huharibu nyama na mishipa, ikaleta uvimbe mkubwa, malengelenge na kuoza kwa sehemu iliyoumwa. Aina ya tatu ni ile inayovuruga kuganda kwa damu, ambayo hupatikana kwa nyoka wa mitini anayeitwa kisayansi Dispholidus typus, na mgonjwa wake anaweza kuonekana mzima kwa saa kadhaa kabla ya kuanza kuvuja damu kwenye fizi, puani na ndani ya mwili. Mwaka 1957 mtaalamu mashuhuri wa nyoka wa Chicago, Karl Schmidt, aliumwa na nyoka mchanga wa spishi hiyo, akaona kiasi cha sumu hakikutosha kumuua, akawa anaandika dalili zake kwa utulivu, na siku iliyofuata akafariki. Kifo chake kiliwafundisha wataalamu kwamba utulivu wa saa za mwanzo hauthibitishi usalama.

Sumu inavyokuwa dawa

Tiba mahususi ya sumu ya nyoka ni kiuasumu, dawa inayotengenezwa kutokana na sumu yenyewe. Safari yake huanzia kwenye chumba cha kukamulia, ambapo mtaalamu humtoa nyoka kwenye sanduku kwa fimbo yenye ndoano, akakibana kichwa chake taratibu juu ya meza iliyotandikwa kitu laini, kisha akamshika nyuma ya taya kwa kidole gumba na vidole viwili huku mwenzake akiuzuia mwili usijikunje. Mdomo wa nyoka huelekezwa kwenye ukingo wa chombo cha kioo kilichofunikwa kwa utando mwembamba, chonge zikatoboa utando huo kama sindano ya hospitali, na sumu ikatiririka ndani. Mikono ya mtaalamu haipaswi kulegea hata mara moja, kwa sababu kifutu ana chonge ndefu zinazoweza kujikunjua na kumpata mshikaji ubavuni mwa kidole, na wakati huohuo haipaswi kukaza kupita kiasi, maana taya na shingo ya nyoka huumia kwa urahisi.

Sumu hiyo hukaushwa na kutunzwa, kisha kiwandani hutolewa kwa farasi kwa viwango vidogo vinavyoongezwa hatua kwa hatua, mpaka mwili wa farasi utengeneze kingamwili, yaani protini zinazoikamata sumu na kuizuia isifanye kazi. Damu ya farasi huchukuliwa bila kumuua, kingamwili zikatenganishwa na kusafishwa, na hizo ndizo mgonjwa anazodungwa. Mfaransa Albert Calmette ndiye aliyeijulisha dunia njia hii katika miaka ya 1890, na muda mfupi baadaye daktari Vital Brazil wa São Paulo alithibitisha kwamba kiuasumu kilichotengenezwa kwa sumu ya nyoka wa jamii moja hakiwezi kutegemewa kumtibu mtu aliyeumwa na nyoka wa jamii nyingine. Uthibitisho huo una uzito hadi leo, kwa maana dawa inayotengenezwa kwa nyoka wa India na kuuzwa Afrika kwa bei nafuu inaweza kumwacha mgonjwa wa Kitui au Dodoma bila msaada wowote.

Uhaba wa kiuasumu kinachofaa ni mojawapo ya dhuluma kubwa wanazotendewa watu wa vijijini. Kampuni ya Sanofi Pasteur ya Ufaransa iliacha kutengeneza FAV-Afrique, dawa iliyolenga nyoka kadhaa hatari wa Afrika, mwaka 2014, na akiba yake ya mwisho iliisha muda wa matumizi mwaka 2016. Dawa nyingine inayotengenezwa Afrika Kusini hutumia sumu za spishi 10, wakiwamo kifutu na koboko, lakini huhitaji kutunzwa kwenye jokofu, mgonjwa mmoja huweza kuhitaji chupa kadhaa, na bei ya chupa hizo huzidi kipato cha familia nyingi za wakulima na wafugaji. Ili kupunguza pengo hilo katika pwani ya Kenya, marafiki na warithi wa kazi ya Ashe walianzisha mfuko wenye jina lake unaosaidia kupatikana kwa kiuasumu kwa wagonjwa wasio na uwezo. Huko Karen, jijini Nairobi, kituo cha utafiti wa kuumwa na nyoka kilicho chini ya Taasisi ya Utafiti wa Nyani, kwa ushirikiano na Chuo cha Tiba za Kitropiki cha Liverpool, kinafanya kazi ya kutafuta kiuasumu kinacholingana na nyoka wa Afrika Mashariki wenyewe. Katika kazi zote hizi mwanabiolojia hawezi kukosekana, kwa kuwa daktari na mfamasia humtegemea yeye kuwaambia ni nyoka gani wanaopatikana wapi, na sumu yao ina tabia gani.

Somo linalotolewa uwanjani

Shirika la Afya Duniani, WHO, linakadiria kwamba kila mwaka watu wapatao milioni 5.4 huumwa na nyoka duniani, kwamba kati ya watu 81,000 na 138,000 hufa kwa sababu hiyo, na kwamba wanaokatwa viungo au kubaki na ulemavu wa kudumu ni karibu mara tatu ya wanaokufa. Mwaka 2017 shirika hilo liliiweka sumu ya nyoka katika orodha ya magonjwa ya kitropiki yaliyosahauliwa, na mwaka 2019 likatoa mkakati unaolenga kupunguza vifo na ulemavu kwa nusu ifikapo mwaka 2030. Nguzo ya kwanza ya mkakati huo ni kuiwezesha jamii kwa elimu, jambo ambalo wataalamu wa Watamu walikuwa wamekwisha kulifanya kwa miongo kadhaa.

Njia yao kuu ya kuelimisha ni huduma ya kuondoa nyoka majumbani bila malipo. Mwenye nyumba anayemwona nyoka bandani, jikoni au darini hupiga simu, na mfanyakazi wa kituo hufika na fimbo ya ndoano, koleo refu, miwani ya kukinga macho na mfuko wa kitambaa kizito. Huwaomba watu wasogee nyuma na mmoja wao aendelee kumtazama nyoka kwa mbali ili asipotee, humtoa taratibu mahali alipojificha, humwingiza mfukoni na kufunga fundo. Kabla ya kuondoka huwaeleza majirani waliokusanyika kwamba yule ni nyoka wa nyumbani anayekula panya na asiye na sumu, au kwamba ni swila na wanapaswa kuziba mashimo ya banda la kuku na kuondoa rundo la makuti na matofali lililo pembeni. Somo hilo hupokelewa kwa makini kuliko mhadhara wowote, kwa sababu hutolewa mahali penye hofu na wakati wa hofu, na linaambatana na msaada unaoonekana kwa macho.

Upande wa pili wa elimu hiyo huwahusu wauguzi, madaktari, wanafunzi na walinzi wa hifadhi, ambao kituo huwaandalia mafunzo na semina kuhusu utambuzi wa nyoka na tiba ya sumu. Nchini Tanzania, bustani ya nyoka ya Meserani, iliyo kando ya barabara itokayo Arusha kuelekea Ngorongoro, imefuata mwelekeo unaofanana na huo kwa kuwa na kliniki inayowatibu wakazi wa karibu walioumwa na nyoka, hivyo mwananchi huona kwamba mahali wanapofugwa nyoka ni mahali pa uponyaji pia.

Ugumu wa kazi hii unatokana na imani zilizoota mizizi. Utafiti uliofanywa wilayani Kilifi na kuchapishwa mwaka 1994 ulikadiria kwamba watu wapatao 150 kwa kila 100,000 walikuwa wakiumwa na nyoka kila mwaka, kwamba chini ya robo yao ndio walioumwa na nyoka wanaoweza kuwa na sumu, na kwamba walio wengi walikwenda kutibiwa na waganga wa kienyeji. Takwimu hizo zinafafanua kwa nini tiba za kienyeji kama jiwe la nyoka, chale na mizizi zimejijengea sifa ya kuponya. Mtu aliyeumwa na nyoka asiye na sumu hupona hata asipofanyiwa lolote, na nyoka mwenye sumu naye huweza kuuma bila kutoa sumu, lakini sifa ya kupona hupewa dawa iliyotumiwa, na siku mtu mwingine atakapoumwa na koboko, familia itapoteza saa za thamani kwa kuiamini dawa hiyohiyo. Mtaalamu mwenye busara hamdharau mganga, kwa sababu ndiye anayeaminiwa na ndiye anayefikiwa kwanza. Humfundisha dalili za hatari na kumwomba awe mtu wa kwanza kumhimiza mgonjwa aende hospitalini.

Mafundisho ya huduma ya kwanza yanayotolewa na wataalamu ni machache na hayahitaji vifaa vya gharama. Aliyeumwa aondolewe karibu na nyoka, atulizwe, asitembezwe bila sababu, avuliwe pete, bangili na viatu kabla ya uvimbe kuanza, kiungo kilichoumwa kifungiwe ubao au fimbo ili kisichezecheze, na apelekwe hospitalini kwa haraka kwa gari au pikipiki, akishikiliwa vizuri. Jeraha lisichanjwe, lisinyonywe, lisipakwe mafuta ya taa wala kuchomwa, na mguu usikazwe kwa kamba, kwa kuwa kamba iliyokazwa huzuia damu na yenyewe huweza kusababisha kiungo kukatwa. Aliyerushiwa sumu machoni aoshwe mara moja kwa maji safi mengi na kisha achunguzwe na daktari, maana sumu hiyo inaweza kuharibu kioo cha jicho na kumpofusha. Nyoka asifukuzwe wala kukamatwa ili apelekwe hospitalini; picha iliyopigwa kwa simu kutoka mbali inatosha, na hata isipokuwapo, daktari aliyefundishwa huongozwa na dalili.

Kinga nayo inategemea kujua mienendo ya nyoka. Kifutu si mwepesi wa kukimbia, hutegemea rangi zake zinazofanana na majani makavu, na huuma anapokanyagwa njiani wakati wa jioni, kwa hiyo tochi na viatu vilivyofunika mguu humkinga mtu zaidi kuliko panga. Swila huingia nyumbani usiku akifuata panya na vifaranga, na huweza kumuuma mtu aliyelala sakafuni, kwa hiyo kitanda kilichoinuka na chandarua kilichochomekwa vizuri chini ya godoro huzuia mbu na nyoka pia. Nafaka iliyohifadhiwa bila kumwagika, ua uliofyekwa na taka zilizoondolewa huwanyima panya makazi, na panya wakipungua nyoka hawana cha kufuata.

Faida ambayo haionekani

Uhusiano wa nyoka na panya ndio unaomgusa mkulima moja kwa moja. Panya shamba wa Afrika, anayejulikana kisayansi kama Mastomys natalensis, anaweza kuzaa watoto kumi au zaidi kwa mkupuo mmoja, na katika miaka ya mvua nyingi huongezeka kiasi cha kufukua mbegu za mahindi kabla hazijaota. Watafiti wamekadiria kwamba panya husababisha upotevu wa asilimia 5 hadi 15 ya mavuno ya mahindi nchini Tanzania kila mwaka, mbali na magonjwa wanayobeba, ikiwamo tauni iliyowasumbua kwa miaka mingi wakazi wa Lushoto katika milima ya Usambara. Nyoka peke yake hawezi kumaliza panya, kwa kuwa bundi, vicheche na paka pori nao wana sehemu yao, lakini ana uwezo ambao wengine hawana, nao ni kuingia ndani kabisa ya shimo na kula makinda yakiwa kiotani.

Faida nyingine hupatikana hospitalini. Dawa ya kaptoprili, ambayo imetumiwa kwa miongo mingi kuwatibu wagonjwa wa shinikizo la damu, ilitokana na uchunguzi wa sumu ya nyoka wa Brazil aitwaye Bothrops jararaca, baada ya mwanasayansi Sérgio Ferreira kugundua katika sumu hiyo kemikali zenye uwezo wa kuathiri mfumo unaopandisha shinikizo la damu. Spishi inayotoweka kabla ya kuchunguzwa huenda na siri zake, na binadamu hawezi kujua amepoteza dawa gani.

Hatari ya kutoweka ipo kweli. Nyoka aliyeelezwa na Ashe mwaka 1968, Atheris desaixi, huishi katika vipande vichache tu vya misitu ya Kenya ya kati, naye hutafutwa na wafanyabiashara wanaowauzia wafugaji wa nyoka wa Ulaya, Marekani na Asia kwa sababu ya uzuri wa magamba yake. Mwenzake, Bitis worthingtoni, ni nyoka mwenye vipembe juu ya macho anayepatikana Kenya pekee, katika nyanda za juu za Bonde la Ufa ambako mashamba na miji vinapanuka kwa kasi. Mwaka 2016 Kenya ilifanikiwa kuziingiza spishi hizo mbili katika orodha ya pili ya CITES, mkataba wa kimataifa unaodhibiti biashara ya wanyama na mimea iliyo hatarini, hivyo haziwezi kusafirishwa kihalali bila kibali. Kibali hicho, hata hivyo, kina maana pale tu ambapo afisa wa forodha anaweza kumtambua nyoka aliyefichwa sandukuni, na hapo tena mtaalamu wa nyoka ndiye anayemfundisha afisa huyo.

Wajibu wa kila mmoja

Wahenga walisema kwamba aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka, na hakuna anayeweza kumlaumu mama aliyempoteza mtoto au mchungaji aliyekatwa mguu kwa kuwachukia nyoka. Hofu hiyo ina sababu, na mhifadhi asiyeitambua hawezi kusikilizwa. Hata hivyo, miaka yote ya kuua nyoka haijapunguza vifo vijijini, kwa maana watu wengi huumwa wanapokanyaga nyoka wasiyemwona au wanapojaribu kumuua nyoka waliyemwona. Vifo hupungua pale kiuasumu kinapokuwapo kwenye zahanati, muuguzi anapojua kukitumia, na familia inapomfikisha mgonjwa mapema.

Hayo yote yanahitaji watu waliofundishwa, na Afrika Mashariki bado ina wataalamu wa nyoka wachache mno ikilinganishwa na ukubwa wa tatizo. Vyuo vikuu vinapaswa kuwavutia vijana wengi zaidi katika herpetolojia, serikali za kaunti na halmashauri zinapaswa kuwaajiri kando ya maafisa wa afya na wa wanyamapori, na bajeti ya dawa inapaswa kukitengea kiuasumu nafasi yake kama zinavyotengewa chanjo. Msomaji naye ana lake la kufanya leo: aitafute na kuihifadhi namba ya mtu au ofisi inayoondoa nyoka katika eneo lake, aulize hospitali iliyo karibu kama ina kiuasumu, amwache nyoka aende zake anapokutana naye porini, na akiona mtu ameumwa amkimbize hospitalini bila kupitia popote pengine. Jamii itakayoyatekeleza hayo itazika watu wachache na itabaki na nyoka wake.